Dairekta Hakutaka Machozi

Siku moja kule Mosocho nilimwona akimfukuza mama mmoja msibani kwa kosa la kulia vibaya. Msiba wenyewe ulikuwa wa kuigiza. Tulikuwa tumeazima jeneza kwa seremala, tukaliweka juu ya viti viwili nje ya nyumba, na waombolezaji wetu sita walikuwa wameketi kimya kama walivyoagizwa. Mama huyo hakuwa mmoja wetu. Alikuwa anapita na kikapu cha ndizi, akaona jeneza, akatua kikapu, akapiga mayowe na kujitupa chini.

"Simama!" Dairekta akafoka. "Nani amekuita hapa kulia?"

Mama akainua uso. "Kwani si kuna mtu amekufa?"

"Hakuna mtu amekufa. Na hata kama angekuwa amekufa, wewe unalia ili majirani wakusikie. Chukua ndizi zako uende."

Yule mama alijikung'uta vumbi, akamtazama kutoka kichwani hadi miguuni, akamporomoshea kwa Ekegusii, lugha ya kwetu, matusi ambayo sitayaandika hapa, kisha akaenda zake. Sisi wengine tuliziba midomo tusicheke. Dairekta hakucheka. Alinigeukia mimi niliyekuwa nimeshika maiki.

"Umeyanasa hayo matusi?"

"Nimeyanasa."

"Vizuri. Hayo ndiyo maombolezo."

Akayatia ndani ya filamu, na ni kweli kwamba hakuna sehemu nyingine ya filamu ile iliyowashika watu koo kama sauti ya mwanamke asiyeonekana akitukana karibu na jeneza.

Sote tulimwita Dairekta. Wapo waliomwita hivyo kwa heshima na wapo waliomwita hivyo kwa dhihaka, maana huku kwetu dairekta ni mtu wa kampuni, mwenye gari na kitambi, na huyu alikuwa mwanamke mwembamba aliyetembea kwa miguu, gambuti mwaka mzima, begi la kamera mgongoni kama mtoto wa shule. Sijui alizaliwa wapi wala baba yake alikuwa nani. Nilifanya kazi naye miaka saba na sikuwahi kumuuliza, kwa sababu ukimuuliza jambo lake mwenyewe alikujibu kwa swali kuhusu lako.

Alitengeneza filamu fupi. Dakika nane, dakika kumi, dakika kumi na nne. Watu walipomuuliza ni lini atatengeneza filamu kamili, alikasirika kama mtu aliyetukanwa. "Wewe ukishika sufuria moto," alisema, "unahitaji saa mbili kuelewa kwamba umeungua?"

Mimi ni mshonaji. Kibanda changu kiko mjini Nyamira, ng'ambo ya barabara kutoka ofisi za serikali, na nyingi ya kazi zangu ni sare za shule na magauni ya kwaya. Asubuhi moja aliingia na tope lake, akaweka juu ya meza yangu kitu cheusi kirefu kama tango.

"Nataka sweta."

"Ya mtoto wa miezi mingapi?"

"Ya hii."

Akanieleza kwamba hiyo ni maiki, na kwamba upepo wa milima yetu ulikuwa unamharibia kila neno. Nilichukua koti moja la mitumba, nikakata manyoya ya kofia yake, nikaishonea maiki vazi lenye kamba ya kufungia chini. Alisimama akiniangalia muda wote nilipokuwa nashona. Nilipomaliza alisema, "Mikono yako haitetemeki. Njoo Jumapili." Hakuniuliza kama ninataka. Jumapili hiyo nilijikuta katikati ya shamba la chai nimeshika fimbo ndefu yenye maiki juu ya kichwa cha mtu, hedfoni masikioni, nikisikia kwa mara ya kwanza jinsi mtu anavyomeza mate kabla ya kusema uongo. Kuanzia siku hiyo akaniita Fundi, na jina langu akalisahau.

Hasira yake haikuwa na likizo. Alilikasirikia jua. Asubuhi za anga safi, wakati sisi wengine tunafurahi, yeye alikunja uso na kusema jua hilo linafanya kila kitu kionekane kama picha ya kalenda. Alizikasirikia kwaya zilizomwajiri kuzipiga video na kutaka zionekane zimesimama juu ya maua ambayo hayapo. Aliwakasirikia wageni wa kutoka Nairobi ambao kila mara walimuuliza kwa nini filamu zake hazina nyumba za nyasi. "Nani hapa anakaa nyumba ya nyasi?" aliniuliza mimi, kana kwamba ni mimi niliyeitaka. "Wanakuja na nyasi zao kichwani." Filamu yake moja ilialikwa kwenye tamasha la ng'ambo, barua ikaja yenye nembo ya kupendeza, kisha ubalozi ukamnyima viza. Barua ya mwaliko aliitupa. Ile ya kunyimwa aliibandika ukutani juu ya meza yake, na kila alipoanza filamu mpya aliisoma.

Na machozi. Hakuna kitu alichokichukia kuliko machozi mbele ya kamera. Waigizaji wetu walikuwa watu wa kawaida, wachuma chai, wenye vibanda, mwalimu mstaafu mmoja, na wote waliamini kwamba kuigiza ni kulia. "Mtu akilia," aliwaambia, "anayetazama anapumzika. Anasema, haya, huyu ameshalia kwa niaba yangu. Mimi sitaki mtu apumzike."

Lakini nilimwona kwenye harusi. Ili aishi, alipiga video za harusi, na alizitukana wiki nzima kabla ya kwenda. Kisha bibi harusi akiingia, Dairekta alijificha nyuma ya kamera na mabega yakaanza kutikisika. Kila harusi. Harusi za Wasabato, za Wakatoliki, za watu asiowajua hata kwa jina. Siku nilipomshika akifuta macho kwa kamba ya begi aliniambia nikirudia jambo hilo mahali popote nitafute maiki nyingine ya kushika. Nimelirudia leo.

Mtu mmoja tu ndiye aliyeweza kumkosoa akanyamaza. Alikuwa mzee wa familia ya Kihindi aliyeuza vitambaa mjini Kisii, ambaye ndiye aliyemuuzia shuka jeupe la kwanza la kuonyeshea filamu. Alipojua ni la nini, alimpa chumba cha ghorofani, kati ya majora ya vitambaa, awe anahariria humo. Kila filamu ilipokamilika, mzee alipandishwa ngazi, akaketi juu ya jora, akanywa chai yake ya tangawizi akitazama. Kisha akasema neno lile lile. "Refu." Filamu ni ya dakika tisa. "Refu, mama. Hapo katikati mimi nimelala." Dairekta, ambaye angemrarua mtu mwingine yeyote, alisema, "Ndiyo, mzee," na kesho yake akakata dakika moja.

Sasa niseme lile ambalo kwa ajili yake nimekaa kuandika.

Alasiri moja tulikuwa Suneka, mvua ikatukamata, tukajikinga kwenye baraza ya duka lililofungwa. Kamera ilikuwa ndani ya begi, maiki ndani ya sweta yake. Mvua ya kwetu ikianza saa nane inajua inakokwenda, kwa hiyo tulikaa. Sijui nini kilinifungua mdomo. Pengine ni vile Suneka ni karibu na nyumbani kwetu. Nilimweleza habari ya nyanya yangu, mamake baba, ambaye sisi tulimwita Magokoro.

Mtoto wa baba mdogo alikuwa ameugua wiki tatu. Hakupelekwa hospitalini, alipelekwa kuombewa, akafa. Kufikia mazishi, maneno yalikuwa yameshaenea kwamba Magokoro ni omorogi, mchawi, kwamba ameonekana akipita nyuma ya nyumba ile alfajiri. Alikuwa amepita, ndiyo. Alikuwa anampelekea mjukuu wake uji. Tena alikuwa na kipande cha shamba la chai ambacho alikuwa amekataa kuwagawia wanawe kabla hajafa, na hilo kila mtu alilijua na hakuna aliyelisema. Walikuja alasiri, wanaume wengi, wengine watu wa kanisani kwetu, wakiwa na rungu na petroli. Boma letu lilikuwa na ua mnene na geti, na geti lilikuwa limefungwa kwa ndani. Mimi nilikuwa darasa la sita, nimejibanza jikoni kwetu. Nilimwona baba yangu, mwana wake wa kwanza, akitembea taratibu kutoka mlangoni mwa nyumba hadi kwenye geti. Nilidhani anaenda kuwazuia. Akavuta komeo, akafungua.

Magokoro alinusurika kwa sababu alikuwa ameshatoka jikoni kwake na kujipenyeza kwenye michai, kiatu kimoja mguuni. Alifika kwa binti yake aliyeolewa upande wa pili wa Nyamira, akaishi huko miaka minne, akazikwa huko kama mgeni. Nyumba yake waliichoma. Nyumbani hakuna aliyewahi kusema lolote. Baba alikuwa mzee wa kanisa na akaendelea kuwa mzee wa kanisa.

Nilimaliza. Mvua bado. Dairekta akauliza, "Hilo geti lilikuwa la nini?"

"La mabati."

"Rangi?"

"Bluu."

Nilifikiri ananifariji. Wapo watu ambao hawajui kutoa pole, wakakuuliza swali dogo ili usiwe peke yako. Nilimpenda sana kwa swali lile.

Mwaka uliofuata alitupeleka Mosocho kwa filamu mpya. Kwa kawaida hakutupa maandishi. Sisi wa nyuma ya kamera tuliambiwa mahali na saa tu. Nilifika nikakuta wanaume wawili wanasimika geti. La mabati. Rangi ya bluu ilikuwa bado inanukia.

Nilisimama pale na fimbo yangu. Mwanamke mzee, mchuma chai mstaafu, alikuwa ameshavaa kiatu kimoja. Mwigizaji wa kiume, yule mwalimu, alikuwa anafanyishwa mazoezi ya kutembea. "Polepole," Dairekta alimwambia. "Unaenda kufungua, lakini hata wewe hujui." Kisha akaniangalia mara moja tu. "Fundi, nataka sauti ya komeo. Maiki iwe karibu."

Tulirudia mara kumi na moja. Mara kumi na moja nilisikia komeo lile likivutwa ndani ya kichwa changu, hedfoni zimebana, na mara kumi na moja sikudondosha fimbo. Watu hunipongeza ninapowaambia hivyo. Mimi sijisifu. Ningekuwa na akili ningeipiga kamera kwa fimbo ile.

Baada ya hapo alimtaka yule bibi apige magoti kwenye tope, mvua ikinyesha, na akamrudisha hapo mara saba. Bibi alikuwa anatetemeka. "Huyu ni mtu mzima, Dairekta," nikasema. Akanijibu bila kugeuka kwamba bibi yuko kazini. Mtu anatengeneza filamu ya kutetea mabibi, na bibi mwenyewe amemtia kwenye tope. Mimi ndiye niliyemfunika blanketi.

Tulipobaki wawili nilimwambia, "Umeniibia."

Alikuwa anasafisha lenzi. "Nimekuibia nini?"

"Unajua."

"Kwani ulikuwa unaitumia?"

Nimesikia mambo mengi maishani, lakini hakuna neno lililonichoma kama hilo. Nilimwachia fimbo yake chini nikaondoka. Kilichonichoma zaidi ni kwamba njia nzima mpaka Nyamira nilitafuta jibu na sikulipata.

Angeweza kuionyesha filamu ile mahali popote. Aliileta kwetu. Jumapili alasiri, ili Wasabato wawe wamemaliza siku yao na Wakatoliki wametoka kanisani, katika darasa la shule ya msingi ya kwetu, madirisha yamezibwa kwa magunia, shuka jeupe ukutani, jenereta nje. Nilikwenda. Sikuwa nazungumza naye, lakini nilikwenda, kwa sababu nilisikia baba atakuwepo. Watu wa kwetu wanapenda picha. Hakuna aliyewaambia inahusu nini.

Mwanzoni walifurahi. Walitambua milima, wakatambua njia, mtu akapiga kelele, "Ile si ng'ombe ya mwalimu?" Kisha wakaanza kunyamaza, benchi moja baada ya jingine. Mwanamume kwenye shuka alianza kutembea kuelekea geti la bluu. Darasani hakukuwa na mtu asiyelijua geti lile. Komeo likavutwa. Sauti yangu, niliyoinasa mwenyewe, ikajaa darasa zima.

Baba mdogo ndiye aliyesimama wa kwanza. "Zima! Zima hiyo takataka! Nani amewapa ruhusa kuja kututukana kwetu?"

Dairekta alipita mbele ya projekta, akasimama katikati ya mwanga, picha ikawa inatembea usoni pake. "Keti," akasema. "Zimebaki dakika nne."

"Wewe ni nani wa kuniambia niketi?"

"Mimi ni mtu aliyekuja na picha. Wewe ndiye uliyekuja na petroli."

Sijui alijua au alibahatisha. Benchi likaruka, projekta ikaanguka, mtu akazima jenereta, na katika giza lile la mchana nikasikia watu wakikimbilia mlango. Baba yangu alikuwa ameketi karibu na ukuta. Hakukimbia. Alisimama, akavaa kofia yake, akatoka kama mtu anayetoka ibadani. Jioni hiyo alisema nami sentensi moja.

"Ni wewe ulimwambia."

"Ni mimi."

Akainama kufungua viatu. Kwa miaka mingi hakuniambia neno lingine zaidi ya salamu.

Nilikuwa na hasira na baba, na baba mdogo, na kanisa zima lililojua na kuimba. Lakini hasira iliyonilaza na kuniamsha ilikuwa ya Dairekta. Alikuwa ameingia kwetu, akavunja, akachukua gambuti zake akaenda, na mimi ndiye niliyebaki kuishi mle ndani.

Kisha likaja shirika moja, sitalitaja. Walikuwa wameisikia filamu, wakaiona, wakataka kuizungusha katika semina za wazee wa vijiji. Dairekta alinitumia ujumbe wa maneno matatu: Njoo Jumatano, Fundi. Nilijiambia sitaenda, nikaenda. Tulikaa katika ukumbi mmoja Nyamira, chupa za maji mezani, na kijana mwenye suti nzuri akaeleza kwamba filamu ni ya nguvu sana, ila kuna jambo dogo.

"Sehemu ya mtoto kufungua geti," alisema. "Mtoto wa kumzaa. Hiyo itaumiza watu. Tukiikata, umati unavunja geti wenyewe, na ujumbe unabaki ule ule. Tunataka jamii ijione inaweza kubadilika."

Nilimgeukia Dairekta nimsikie akimrarua. Nilikuwa hata nimeanza kumwonea huruma kijana. Dairekta alikuwa anatazama chupa yake ya maji. "Vijiji vingapi?" akauliza. Kijana akamtajia. Dairekta akasema, "Nipeni siku mbili nifikirie."

Mwanamke aliyemfukuza mama wa watu kwa kulia vibaya sasa anataka kufikiria! Nilikuwa nimesimama kabla sijajua.

"Hakuna cha kufikiria," nikasema. "Geti halikuvunjwa. Lilifunguliwa. Lilifunguliwa na baba yangu, na nyanya yangu alikuwa ndani, na mimi nilikuwa jikoni nikaona. Mkikata hapo, hao watu wote watatoka kwenye semina wakiamini kwamba uovu unatoka barabarani."

Sikuwa nimewahi kulisema jambo hilo mbele ya watu kabla ya siku hiyo. Mwenzake yule kijana akaandika kitu kwenye karatasi yake, sijui nini. Dairekta alisimama polepole, akakusanya begi lake.

"Mmemsikia mwenye geti," akawaambia. Na huo ndio ukawa mwisho wa mpango wa semina.

Tulipotoka nje, kwenye ngazi, alinitazama kwa macho makavu kabisa. "Sasa unaitumia," akasema.

Ningeweza kumpiga kofi. Nilishika fimbo yake kwa filamu mbili zaidi.

Baadaye mzee wa vitambaa alifariki, wanawe wakakihitaji chumba cha juu, na Dairekta akahamia chumba kidogo nyuma ya soko la Kisii. Harusi zikawa nyingi kuliko filamu. Mimi nilirudi kwa cherehani yangu. Tulipoonana mjini tuligombana dakika tano na kuachana, na huo ndio ulikuwa urafiki wetu.

Mwaka jana baba aliugua. Miguu ilivimba, moyo ukachoka, daktari akasema apelekwe nyumbani apumzike. Tulianza kuzungumza tena taratibu, habari za ng'ombe, habari za mvua. Asubuhi moja nikiwa namnyoa ndevu kwenye veranda alisema, bila kunitazama, "Ile picha ya rafiki yako. Iliishaje?"

Wembe ukasimama hewani. "Unataka kujua?"

"Nimeuliza."

Nilimpigia Dairekta simu. Sikumweleza mengi. Kufikia saa tano alikuwa ameshafika, amezeeka, nywele zimeingia mvi pembeni, gambuti zile zile au nyingine kama hizo. Alimsalimia baba kwa adabu ambayo sikujua anayo. "Shikamoo, mzee." Jua lilikuwa kali mno kuona skrini ya kompyuta, na baba hakutaka kuingizwa ndani. Basi Dairekta akaomba shuka, akaketi kwenye mkeka kando ya kiti cha baba, akajifunika pamoja naye, vichwa vyao viwili na kompyuta ndani ya shuka moja. Mimi nikabaki nje ya shuka, nikisikia.

Nilisikia komeo. Sikusikia baba akipumua. Baada ya hapo filamu haina maneno: umati unapita, moto unasikika kwa mbali, kisha mwana anabaki peke yake uani. Anaokota sufuria iliyopinduka. Anawalisha kuku wa mamake. Anawalisha mpaka mwisho, dakika tatu, kuku wanadonoa, na hakuna kinachotokea. Nilizisikia punje za mahindi zikidondoka ardhini. Kisha filamu ikaisha.

"Sikulisha kuku," sauti ya baba ikatoka ndani ya shuka.

Akaendelea yeye mwenyewe:

"Alikuwa ameacha chakula mekoni. Obokima, ugali wetu, na mboga ya chinsaga. Walipomaliza kuchoma nyumba wakaenda kumtafuta kwenye chai. Jiko halikuwa limeshika moto. Niliingia. Chakula kilikuwa bado moto. Nilikuwa sijala tangu mazishi. Nikaketi kwenye kigoda chake nikala. Nikala chote."

Shuka halikutikisika. Kwenye mti wa parachichi ndege waliendelea na kelele zao. Mimi nilishika nguzo ya veranda.

Baada ya muda Dairekta alijitoa chini ya shuka, nywele zimevurugika. Mkono wake ulikuwa umeshafika kwenye zipu ya begi la kamera. Nikauona. Na akaona kwamba nimeuona. Akauondoa mkono, akauweka gotini.

"Mzee," akasema, "naomba nirekodi hayo uliyosema."

Miaka yote ile sikuwahi kumsikia akiomba kitu. Baba alinielekezea macho. "Muulize huyu."

Dairekta akanigeukia. Alingoja, na alikuwa mtu asiyejua kungoja.

"Hapana," nikasema.

"Fundi."

"Nimesema hapana."

Alikunja kompyuta yake, akaitia begini, akamshika baba mkono kwa mikono yote miwili, akaondoka. Nilimsindikiza mpaka barabarani kwa sababu ndivyo tulivyolelewa. Hapo akanigeukia.

"Umekosea," akasema. "Huyu mzee hana mwezi. Wapo wana wengi kama yeye waliofungua mageti hapa kote, na hakuna hata mmoja aliyewahi kusema alichokula. Umekosea vibaya, na utajua."

"Najua sasa hivi," nikamwambia. "Nenda."

Akaenda, akakanyaga tope la kando ya barabara kuelekea Suneka, begi likimpiga mgongoni. Nilirudi kwenye veranda nikiwa sioni vizuri kwa ghadhabu, yake, ya baba, yangu, sikujua tena ipi ni ya nani. Baba alikuwa amelikunja lile shuka mapajani.

"Amekasirika?" akauliza.

"Sana."

"Basi leta kiti," akasema. "Bado sijamaliza."

Nikaleta kiti.